Ruhusa ya Kurudi si Muda wa Kurudi

“Mheshimiwa, tunaomba kuliondoa shauri hili kwa ruhusa ya kulifungua upya.” Ni sentensi fupi. Wakili huisema, hakimu au jaji huuliza upande wa pili kama una pingamizi, upande wa pili hujibu kuwa hauna, na amri huandikwa. Ndugu wa mdai waliokaa kwenye benchi la nyuma, waliotoka Mbalizi alfajiri kuja kusikiliza kesi yao Mbeya mjini, hutoka nje wakiulizana tarehe ya kurudi. Tarehe haipo. Kesi yao imekwisha. Walichobaki nacho ni kibali cha kuanza kesi nyingine, na kibali hicho kina thamani ikiwa tu muda wa kuianza bado upo.

Ninalijadili jambo hili kwa sababu linagusa haki za watu wengi kuliko kesi zinazojaza kurasa za mbele za magazeti, na kwa sababu halizungumzwi. Hoja yangu ni moja. Ruhusa ya kuliondoa shauri na kulifungua upya ni utaratibu mwema, uliowekwa kumlinda mdai aliyekosea hatua. Lakini kwa namna sheria yetu ilivyoandikwa, saa ya ukomo haisimami wakati mdai anautumia ulinzi huo. Matokeo yake ni kwamba utaratibu uliokusudiwa kuwanusuru wanyonge humnusuru zaidi aliyekwisha kuwa na wakili mzuri na muda wa kutosha, na kumwacha nje yule aliyeuhitaji kweli.

Tuanze na sheria yenyewe. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, ambayo sasa ni Sura ya 33, inalishughulikia suala hili katika Amri ya 23. Kanuni ya 1 ina mambo manne. Kwanza, mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote baada ya kulifungua. Hakuna anayeweza kulazimishwa kuendelea kudai. Pili, mahakama ikiridhika kwamba shauri litaanguka kwa sababu ya kasoro ya kiutaratibu, au kwamba kuna sababu nyingine ya kutosha, inaweza kumruhusu mdai aliondoe na kubaki na uhuru wa kufungua jingine juu ya jambo lile lile, kwa masharti ambayo mahakama itaona yanafaa. Tatu, mdai akiondoa shauri bila ruhusa hiyo, anaweza kubebeshwa gharama na anazuiwa kufungua shauri jingine juu ya jambo hilo. Nne, pale wadai wanapokuwa wengi, mahakama haina mamlaka ya kumruhusu mmoja wao ajiondoe bila ridhaa ya wenzake.

Msomaji ataona kwamba tofauti kati ya jambo la pili na la tatu ni neno moja: ruhusa. Mtu anayesimama na kusema “naiondoa kesi yangu” na mtu anayesema “naomba kuiondoa kwa ruhusa ya kuifungua upya” wanaonekana wamesema kitu kimoja. Mbele ya sheria wa kwanza amejifungia mlango, wa pili ameuacha wazi.

Lakini mlango ulio wazi una kanuni ya 2 nyuma yake. Kanuni hiyo inasema kwamba katika shauri jipya lililofunguliwa kwa ruhusa hiyo, mdai atafungwa na sheria ya ukomo wa muda kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Ni kana kwamba miezi yote aliyokuwa akihudhuria mahakamani, akilipa ada na kungoja tarehe, aliitumia kulala. Maneno haya hayakutungwa Dodoma wala Dar es Salaam. Yanatoka katika sheria ya India ya mwaka 1908, iliyotumika Tanganyika chini ya Waingereza kuanzia mwaka 1920, na tulipoandika sheria yetu wenyewe miaka mitano baada ya Uhuru tuliyachukua karibu kama yalivyo.

Ili kuona uzito wa kanuni hiyo, lazima tuisome pamoja na Sheria ya Ukomo wa Muda ya mwaka 1971, Sura ya 89. Anayedai ardhi ana miaka 12. Anayedai kwa msingi wa mkataba ana miaka 6. Anayedai kwa msingi wa madhara, kama vile ajali au kuchafuliwa jina, ana miaka 3. Na anayedai fidia kwa kitendo kilichofanywa, au kilichoachwa kufanywa, kwa maelezo kwamba ni utekelezaji wa sheria iliyoandikwa, ana mwaka 1 tu. Sheria hiyo inaitaka mahakama ilitupilie mbali shauri lililopita muda hata kama mdaiwa mwenyewe hakulalamika. Tena, katika mashauri ya madai mahakama haina mamlaka ya kuongeza muda. Mamlaka yake ya kuongeza muda ni kwa rufaa na maombi. Anayetaka kuongezewa muda wa kufungua shauri lazima amwombe Waziri mwenye dhamana ya sheria, ambaye baada ya kushauriana na Mwanasheria Mkuu wa Serikali anaweza kuongeza kipindi kisichozidi nusu ya kile kilichowekwa. Fikiria mkulima wa kahawa wa Mbalizi anayetakiwa kujua hilo, kisha kuliandikia barua.

Tuchukue mfano wa kufikirika, lakini wenye mazingira tunayoyajua. Mbalizi imekaa juu ya barabara kuu ya Tanzania na Zambia, na kazi ya kuipanua barabara hiyo kuwa ya njia nne, kutoka Nsalaga hadi Ifisi, inapita katikati ya maisha ya watu. Kila anayeishi kando ya barabara kuu nchini anaijua alama ya X ukutani: ya kijani kwa anayestahili fidia, nyekundu kwa anayehesabiwa kuwa amejenga ndani ya hifadhi ya barabara. Anajua pia kwamba Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 iliipanua hifadhi hiyo kufikia mita 30 kila upande kwa barabara kuu, kutoka mita 22.5 za zamani, na kwamba mgogoro mwingi unatokana na nani alikuwa pale kabla ya kipimo kipya.

Familia moja inabomolewa nyumba mwezi Machi, nayo inaamini ilistahili X ya kijani. Kwa miezi sita inafanya kile ambacho kila Mtanzania mwungwana hufanya: inakwenda kwa mwenyekiti wa kitongoji, kwa mtendaji, kwa mkuu wa wilaya, inaandika barua, inaambiwa isubiri. Oktoba inachanga fedha na kufungua shauri la fidia. Anayewaandikia hati ya madai anasahau, au hajui, kwamba serikali haishtakiwi kabla ya kupewa notisi ya siku 90, na kwamba Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Februari mawakili wa serikali wanaweka pingamizi la awali. Baada ya kuahirishwa mara mbili, mwezi Mei wakili wa familia anaomba kuliondoa shauri kwa ruhusa ya kulifungua upya. Upande wa pili haupingi.

Kwa nini haupingi? Kwa sababu unajua kuhesabu. Tangu Machi ya mwaka uliopita imepita miezi 14. Upande wa serikali utasema, na utakuwa na hoja, kwamba ubomoaji ulifanywa katika kutekeleza sheria iliyoandikwa, kwa hiyo muda wa kudai fidia ulikuwa mwaka mmoja na umekwisha. Familia bado inatakiwa kutoa notisi na kungoja siku 90 nyingine. Ruhusa wanayo mkononi, imepigwa muhuri wa mahakama. Muda hawana.

Mwanasheria anayesoma hapa ataniambia kwamba njia ya kujiokoa ipo. Ni kweli kwamba Sheria ya Ukomo inaruhusu kutohesabu muda ambao mdai, kwa nia njema na kwa bidii, alikuwa akiendesha shauri lile lile katika mahakama ambayo haikuweza kulisikiliza kwa kukosa mamlaka au kwa sababu nyingine ya namna hiyo. Lakini tazama mzigo uliomo. Mdai lazima alijue pazia hilo, alidai katika hati yake mpya, athibitishe nia njema na bidii, kisha aishawishi mahakama kwamba kasoro yake inafanana na ukosefu wa mamlaka. Aliyepoteza kesi ya kwanza kwa kutojua utaratibu anatakiwa aiokoe ya pili kwa kuujua utaratibu mgumu zaidi.

Ugumu mwingine ni wa lugha, na hapa sisi wanaotumia kalamu tuna wajibu. Kuna mambo matatu yanayoweza kulipata shauri kabla halijasikilizwa kwa kina. Linaweza kuondolewa na mdai mwenyewe. Linaweza kuondoshwa na mahakama kwa sababu ya kasoro, na mdai akabaki na nafasi ya kurekebisha na kurudi. Linaweza pia kutupiliwa mbali, na kwa kawaida huo ndio mwisho wake katika mahakama hiyo. Magazeti yetu yana neno moja kwa yote matatu: “kesi imefutwa”. Mzee mmoja wa Mbalizi alinionyesha amri ya mahakama iliyokunjwa mara nne, akaniuliza, “Mwalimu, wameniambia imefutwa. Nimeshindwa, au sijashindwa?” Lilikuwa swali sahihi kabisa, na neno aliloambiwa halikuwa na jibu ndani yake.

Tofauti hii si ya wasomi kujifurahisha. Mwaka 1959 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki iliitolea uamuzi ambao unatajwa hadi leo na mahakama zetu karibu kila suala hili linapojitokeza: shauri la chama cha ushirika cha Ngoni-Matengo, cha watu wa Songea, majirani zetu wa kusini. Mahakama ilieleza kwamba rufaa yenye kasoro inayoifanya isiweze kusikilizwa huondoshwa, haitupiliwi mbali, kwa maana kutupilia mbali kunadokeza kwamba kulikuwa na rufaa halali iliyosikilizwa na kuamuliwa. Zaidi ya miaka 60 baadaye, wananchi ambao ushirika wao ulitoa somo hilo bado hawaambiwi tofauti yake kwa lugha yao. Sheria ilirekebishwa mwaka 2021 ili Kiswahili kiwe lugha ya mahakama. Hatua hiyo niliishangilia na ninaishangilia bado. Ila Kiswahili cha mahakama hakitakuwa na faida ikiwa neno moja litabeba maana tatu zenye hatima tofauti.

Sasa tujiulize kasoro hizi zinatoka wapi. Ni rahisi kuwalaumu wananchi kwa kutojua sheria, au mawakili kwa uzembe, na lawama hizo zina ukweli wake. Lakini tuitazame ngazi ambayo mtu wa kawaida anatakiwa kuipanda. Marekebisho ya mwaka 2020 yaliweka kwamba mashauri dhidi ya halmashauri, wakala wa serikali na mashirika ya umma nayo yatanguliwe na notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu aunganishwe, la sivyo shauri zima linaharibika. Marekebisho ya mwaka 2021 yakaliondolea Baraza la Kata mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi na kuliachia usuluhishi tu, na yakaelekeza kwamba Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya lisisikilize mgogoro ambao haujapitia kwanza kwenye usuluhishi huo. Kila badiliko lina sababu yake. Yakijumlishwa, yana maana kwamba mtu aliyeshauriwa vizuri mwaka 2019 angeshauriwa vibaya mwaka 2022 kwa maneno yale yale. Je, ni mikutano mingapi ya vijiji ambako mabadiliko haya yameelezwa? Tunatangaza kampeni za chanjo kwa vipaza sauti vya magari. Kwa nini siku 90 zisitangazwe?

Hapa ninazungumza na watumishi wa umma, ambao najua ni wasomaji wa ukurasa huu. Notisi ya siku 90 haikuwekwa ili iwe mtego. Kusudi lake ni kuipa serikali nafasi ya kulichunguza lalamiko na kulimaliza kabla ya fedha za umma kutumika mahakamani. Mwanasheria wa halmashauri anayeiweka notisi kwenye jalada na kungoja siku zipite hajailinda halmashauri. Na anayepokea madai yasiyo na notisi, akajua kabisa kwamba mlalamikaji ana haki, kisha akangoja muda uishe ndipo aweke pingamizi, ameshinda kesi na ameishinda pia serikali yake mbele ya raia. Katika shauri la Mukisa Biscuit la mwaka 1969, ambalo kila mwanafunzi wa sheria Afrika Mashariki analijua, mahakama ilikemea tabia ya kurundika mapingamizi ya awali yasiyostahili, kwa kuwa huongeza gharama na kuvuruga masuala bila faida. Tunalinukuu shauri hilo ili kupinga mapingamizi ya wenzetu. Tulinukuu pia tunapotaka kuandika ya kwetu.

Ni haki nieleze upande wa pili, kwani una uzito. Mdaiwa naye ni mtu. Hastahili kuvutwa mahakamani, kukodi wakili, kujibu hati, kisha kuona mdai akiondoka na kurudi mwaka unaofuata na hati iliyopakwa rangi upya. Kesi lazima zifike mwisho. Ndiyo maana mahakama zetu zimekataa kumruhusu mdai aondoe shauri kwa hila ili kuukwepa uamuzi wa pingamizi lililokwisha kuwekwa. Ukomo wa muda nao una hekima yake: mashahidi hufa, kumbukumbu hufifia, nyaraka huliwa na mchwa. Sipendekezi kwamba mlango uachwe wazi milele.

Ninachosema ni kwamba nchi nyingine zimetafuta mizani tofauti. Kenya, ambayo kanuni zake zina undugu na zetu, iliweka katika Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010 kwamba mdai anaweza kuliondoa shauri kwa notisi tu kabla halijapangiwa kusikilizwa, na kuondoa huko si kinga kwa mdaiwa katika shauri litakalofuata. Baada ya hapo ndipo ridhaa ya pande zote au ruhusa ya mahakama huhitajika. Katika mahakama za shirikisho za Marekani, mdai anayeondoa shauri mapema, kabla mdaiwa hajajibu, kwa kawaida huwa hajapoteza haki ya kurudi. Lakini akiliondoa mara ya pili, huhesabiwa kuwa limeamuliwa dhidi yake. Uingereza, anayeacha madai baada ya mdaiwa kuweka utetezi lazima aombe ruhusa kabla ya kuleta mengine yenye msingi huo huo. Kote huko kanuni inatofautisha kati ya anayejirekebisha mapema na anayecheza na muda wa wenzake. Kanuni yetu haitofautishi. Aliyekosa notisi kwa kutojua na kujisahihisha ndani ya mwezi mmoja anafungwa na ruhusa ile ile na saa ile ile kama aliyevuruga kesi kwa miaka mitano.

Katiba yetu inatupa msingi wa kudai zaidi. Ibara ya 107A inazitaka mahakama zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki kutendeka. Mwaka 2018 Bunge likaongeza katika Sheria ya Mwenendo wa Madai lengo kuu la kuendesha mashauri kwa haki, kwa haraka na kwa gharama nafuu. Wengi tulitumaini kwamba siku za kasoro ndogo kuua kesi kubwa zimepita. Desemba mwaka huo huo Mahakama ya Rufani, ikikaa Arusha katika rufaa ya Kijiji cha Mondorosi na wenzake wa Loliondo dhidi ya Kampuni ya Bia Tanzania na wengine, ilitukumbusha kwamba lengo hilo haliwezi kutumiwa kwa upofu kuyavunja masharti ya lazima yanayogusa msingi wa shauri. Kama msomaji wa sheria naielewa mantiki hiyo. Kama raia naona inatuelekeza mahali pa kwenda: ikiwa mahakama haiwezi kuikunja sheria, basi sheria ndiyo inayopaswa kurekebishwa, na mwenye kazi hiyo ni Bunge.

Napendekeza, kwanza, kanuni ya 2 ya Amri ya 23 ibadilishwe. Pale mahakama inapotoa ruhusa kwa sababu ya kasoro ya kiutaratibu iliyofanywa kwa nia njema, muda tangu shauri la kwanza lilipofunguliwa hadi siku ya amri usihesabiwe, na mdai apewe kipindi mahususi cha kurudi, tuseme siku 60 baada ya notisi yake kuiva. Ruhusa hiyo itolewe mara moja tu, ili mdaiwa naye ajue mwisho uko wapi. Hili halihitaji fedha. Linahitaji aya mbili katika muswada wa marekebisho ya sheria mbalimbali, miswada ambayo Bunge letu huipitisha mara kwa mara.

Pili, bila kungoja Bunge, mahakama inaweza kuanza kesho. Kabla ya kuandika amri, hakimu au jaji amwambie mdai mwenyewe, si wakili wake tu, kwa Kiswahili: “Kesi hii imeisha. Unaruhusiwa kufungua nyingine. Muda wako haujasimama. Tafuta ushauri wiki hii.” Ni sentensi nne. Na kwa kuwa sheria inairuhusu mahakama kuweka masharti, sharti la gharama lipimwe kwa uwezo wa mdai, lisiwe ukuta wa pili baada ya ule wa kwanza.

Tatu, mawakili na wasaidizi wa kisheria, ambao Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua, wahesabu tarehe kabla ya kuomba ruhusa. Ikiwa muda umekwisha, kuondoa shauri ni kulizika, na mteja ana haki ya kuambiwa hivyo kabla ya mazishi. Huenda kuupinga ule upinzani na kupata uamuzi unaoweza kukatiwa rufaa ni bora kuliko kuondoka kwa adabu.

Nne, ninyi wanaharakati. Mnapoendesha shauri la kijiji kizima, kumbukeni jambo la nne la kanuni ya 1: mmoja hawezi kuruhusiwa kujitoa bila ridhaa ya wenzake. Roho ya sharti hilo ni kwamba shauri la wengi ni mali ya wengi. Msiliondoe kwa simu kati ya wakili na mratibu wa mradi, kisha wanakijiji walisikie redioni. Itisheni mkutano, elezeni, andikeni muhtasari.

Tano, na hili ni kwa kila mtu. Katika nyanda hizi za juu kusini, Mbeya hadi Iringa, migogoro mingi humalizwa na wazee wakati kesi ikiwa bado mahakamani, na huo ni utamaduni mwema. Lakini mkipatana, msikimbilie kuiondoa kesi. Kanuni ya 3 ya Amri hiyo hiyo inaruhusu makubaliano yenu yasajiliwe na mahakama na kuwa hukumu inayoweza kutekelezwa. Aliyeondoa kesi kwa kuahidiwa ukumbini, bila ruhusa wala maandishi, siku ahadi ikivunjwa atakuta amepoteza kiwanja na amepoteza pia haki ya kukidai.

Watu wa Mbeya watakumbuka Agosti 10, 2023, Mahakama Kuu ya hapa ilipotoa hukumu katika shauri la kupinga makubaliano ya bandari kati ya Tanzania na Dubai. Walalamikaji walishindwa. Lakini walishindwa baada ya kusikilizwa: hoja zao ziliandikwa, zikajibiwa, na hukumu ile ipo, inasomwa na kukosolewa hata na wasiokubaliana nayo. Kushindwa kwa namna hiyo ni sehemu ya maisha ya nchi inayotawaliwa kwa sheria. Mtu aliyebomolewa nyumba Mbalizi anadai kiasi hicho hicho tu: aambiwe na mahakama kama alikuwa na haki au hakuwa nayo. Kalenda isimjibu kwa niaba ya jaji.